Barua ya Wazi kwa Wenye Dhamana ya Mto Sabaki

Kwa Waheshimiwa wote mlioshika dhamana ya maji, mazingira na maafa, kuanzia kaunti hadi taifa,

Assalamu alaikum, na kwa wasioitikia hivyo, hamjambo.

KUH: MAJI YA KIANGAZI NA MAJI YA MAFURIKO, MTO SABAKI

Nawaandikia kwa niaba ya kikundi cha wakulima 27 wa chini ya daraja la Sabaki, kaskazini ya mji wa Malindi. Mimi ni katibu wao. Hii si barua yetu ya kwanza. Ya kwanza tuliipeleka kwa mkono, nakala yetu ikapigwa muhuri wa zambarau, tukaambiwa turudi baada ya wiki mbili. Tukarudi. Karani, kijana mwenye adabu kabisa, alipekua faili tatu kisha akatuambia labda imepelekwa juu. Tukaandika ya pili, tukaipeleka huko juu. Huko juu tukaelezwa kwamba mashamba si kazi yao, twende ofisi nyingine. Ofisi nyingine ikakubali kwamba mashamba ni yake, ila mto si wake. Nakala ile naitembeza mfukoni mpaka leo, na muhuri umefifia kwa jasho. Ndiyo maana sasa tunasema hadharani.

Kabla ya malalamiko, nivumilieni nieleze mto wenyewe. Katika kuzunguka maofisini nimegundua kwamba wengi wanaoujadili wanaujua kwa upana wa daraja tu, yaani kile kipande wanachokiona gari likipita kwenda Mambrui.

Mto huu una majina matatu. Ukiwa bara unaitwa Athi. Unaanzia nyanda za juu upande wa Ngong na Kiambu, unapokea mito inayopita katikati ya Nairobi, unaanguka Fourteen Falls karibu na Ol Donyo Sabuk, kisha unaufuata uwanda wa Yatta, ule ukuta mrefu wa lava iliyoganda, takriban kilomita 300, mpaka unaingia mbuga ya Tsavo. Hapo unakutana na mto mwingine, mdogo, ambao ndio ulioipa mbuga jina. Wakishaungana jina linakuwa Galana. Galana inapita Maporomoko ya Lugard, inakatiza nyika ya Waata na ya wafugaji, na ikikaribia Jilore na Kakuyuni kila mtu anaiita Sabaki.

Ule mdogo ndio naomba muutazame. Mto Tsavo unapata maji yake kwenye miteremko ya Kilimanjaro, mlima wa mita 5,895, na unapata mengine kwenye chemchemi za Mzima. Mzima nayo ni maajabu yake. Mvua inanyesha kwenye vilima vya Chyulu, lakini huko juu huoni kijito. Majivu na mawe ya volkano yanayanywa maji yote. Yanasafiri chini ya ardhi makumi ya kilomita, kisha yanatokeza Mzima yakiwa meupe kiasi cha kuwaona viboko wanavyotembea chini. Mvua za vuli zikikatika, Athi hunywea. Tsavo hautegemei mvua ya jana, kwa hiyo hauna haraka ya kukauka. Sisi wa mwisho kabisa, tukivuka Januari na Februari bila kununua maji ya mkokoteni, fadhila kubwa ni ya mto ule mdogo ambao wengi wetu hatujawahi kuuona.

Basi ndani ya mkondo mmoja mna maji ya namna mbili: maji mekundu ya mvua za bara, yanayokuja kwa kishindo na kuondoka, na maji ya mlima, machache, yasiyokatika. Malalamiko yetu yote yanatoka hapo. Ya kwanza mnayaacha yatushukie bila taarifa. Ya pili mnayagawa bila kutuhesabu.

Wala msidhani sisi ni wageni waliojibanza kandokando ya mto wa serikali. Al-Idrisi, mwanajiografia wa karne ya 12, aliiandika Malindi kuwa mji mkubwa kwenye mdomo wa mto wa maji matamu. Malindi ya leo iko kusini ya mdomo huo, si juu yake, kwa hiyo wako wataalamu wanaoamini kwamba mji aliokuwa akiusema ni Mambrui, ng'ambo ya pili. Mwaka 2010 wachimbuzi kutoka China na Makavazi ya Taifa ya Kenya walichimba huko wakapata sarafu ya enzi ya Yongle, mfalme yule yule wa China aliyepelekewa twiga na Malindi mwaka 1415. Mgeni akija mjini hukimbizwa kwenye nguzo ya Vasco da Gama akapigwe picha. Mto uliowalisha watu miaka mia kadhaa kabla ya huyo bwana kutia nanga mwaka 1498 hakuna anayempeleka kuuona.

Na si mara ya kwanza wakubwa kuamua juu ya mto huu wakiwa mbali. Mwaka 1914 serikali ya mkoloni iliwaamuru Wagiriama waliokuwa wakilima kaskazini ya Sabaki wavuke wote warudi kusini, waache ardhi iliyokuwa ikiwapa nafaka mpaka za kuuza. Nyumba zilichomwa. Mekatilili wa Menza, mwanamke wa Kigiriama, alikuwa amekwisha kuwaamsha watu mwaka mmoja kabla. Babu zetu wengine walirudi baadaye, wakalima pale pale. Mashamba ninayoyaandikia leo yamo katika ardhi hiyo.

Sasa malalamiko yetu.

1. Maji ya kiangazi yanagawanywa na kila mtu peke yake.

Januari iliyopita, siku za bamvua, bahari inapojaa kuliko kawaida, niliwasha pampu alfajiri kama kawaida, nikamwagilia mchicha na bamia. Siku ya pili majani yakawa na kingo nyeupe, kama yamepakwa chokaa. Nikadhani ni ugonjwa. Siku ya tatu nilichota maji kwa kiganja pale pale bomba linapofyonza, nikaramba. Chumvi. Si chumvi ya kufikirika. Chumvi ya kumfanya mtu akunje uso. Kaskazi ilikuwa inavuma, mto umenywea, na bahari ikijaa ilikuwa inapanda mpaka kwetu bila kuzuiwa na kitu. Mama mmoja wa kikundi chetu, mjane, alipoteza matuta 40 ya mchicha kwa wiki moja. Alikuwa ameshachukua pesa za mchuuzi wa Malindi.

Maji yamekwenda wapi? Bomba la Mzima linapeleka maji ya Chyulu Mombasa tangu miaka ya 1950, na bomba la pili limezungumziwa miaka nenda rudi. Visima vya Baricho, vilivyochimbwa kwenye mchanga wa ukingo wa mto huu huu, vinanywesha Malindi, Watamu, Kilifi na Mombasa. Mwaka 2014 ukazinduliwa mradi wa kunyunyizia mashamba wa Galana Kulalu, ambao ndoto yake ilikuwa ekari milioni moja. Huko juu, Athi inapokutana na mto Thwake, tangu 2018 kumekuwa na kazi ya kujenga bwawa la ukuta wa mita 80 hivi, litakaloshika zaidi ya mita za ujazo milioni 600.

Hatumlaumu mtu wa Mombasa kwa kuwa na kiu. Dada yangu anaishi Kisauni, anakinga maji usiku. Wala hatuupingi mradi hata mmoja kati ya hiyo kwa sababu tu ni mradi. Tunachouliza ni hiki: nani ameketi akajumlisha? Kila mradi una ripoti yake, na kila ripoti inachukua kipimo cha mto kana kwamba hakuna mwingine anayechota. Sheria ya Maji ya 2016 inasema kwamba kabla ya kutoa vibali lazima itengwe akiba: maji ya mahitaji ya lazima ya watu, na maji ya kuuweka mto wenyewe hai. Tumeomba kwa maandishi tuambiwe akiba hiyo, kwa Sabaki chini ya daraja, ni kiasi gani mwezi wa Februari. Hatujaona namba.

Jirani zetu wa Kipini, kwenye mdomo wa mto Tana, wanaijua hadithi hii. Bwawa la Masinga lilianza kazi 1981, yakaongezeka mengine, na mwendo wa mto ukabadilika mpaka mwisho wake. Waulizeni habari ya chumvi kwenye mpunga.

2. Mafuriko yanatufikia bila hodi.

Mwisho wa Aprili 2024 tuliona kwenye simu jinsi Nairobi, Mlolongo na Athi River zilivyozama. Tukawa tunawapigia jamaa zetu walioko huko, tunawapa pole, tunatumiana vile vilivyopatikana. Kwetu jua lilikuwa linawaka. Hatukukaa tukafikiri kwamba maji yale tuliyokuwa tukiyatazama kwenye simu yalikuwa njiani kuja kwetu.

Yalifika siku kadhaa baadaye, saa kumi alfajiri. Nilichosikia kwanza hayakuwa maji, bali mabua ya mahindi yakivunjika gizani, moja moja, kama mtu anayepita shambani bila kujali. Nilitoka na tochi, nikakanyaga maji mlangoni. Watu tuliwatoa wote, Alhamdulillahi. Mbuzi sita walikwenda. Pampu, tuliyoichangia kwa miezi 14, tuliipata siku ya tatu chini ya mwembe, imejaa tope kama kopo la uji.

Wazee wetu walioona mafuriko ya 1961, na sisi tulioyaona ya El Niño ya 1997, hatudai mtu azuie mvua. Lakini maji yanayotembea siku kadhaa kutoka bara mpaka pwani si mwizi. Yanaonekana njia nzima. Yanapita chini ya madaraja ya reli na ya barabara, yanapita kwenye mbuga yenye askari na redio. Ujumbe mfupi wa simu, wenye maneno matano, ungeiokoa pampu ile. Hakuna aliyeutuma kwa sababu hakuna ambaye kazi yake ni kuutuma.

3. Udongo na mchanga.

Hapa nataka nieleweke vizuri, maana wako wanaharakati wanaotaka Sabaki iwe nyeupe kama Mzima. Haijawahi kuwa nyeupe, na hatutaki iwe. Tope lake ndilo linalorutubisha mashamba haya, na kamba wa ghuba ya Malindi na Ungwana wanakulia kwenye maji ya rangi ya chai. Shida ni kiasi. Watafiti walitoboa tumbawe kubwa kwenye hifadhi ya bahari ya Malindi, ile iliyotangazwa 1968, wakasoma tabaka zake za miaka 300 hivi. Alama ya udongo ilikuwa hafifu miaka mingi, kisha ikaanza kupanda mwanzoni mwa karne ya 20, ardhi ya bara ilipogawiwa walowezi na misitu na miteremko kugeuzwa mashamba. Haijarudi chini. Ufuo wa mji umejaa. Wazee wanakuonyesha ngazi ambazo maji yalikuwa yakizigusa, na leo unatembea mwendo kabla hujalowesha mguu.

Halafu, kinyume chake, malori yanashuka kwenye mkondo na kuchota mchanga mchana kweupe. Udongo mwembamba unaoziba matumbawe tunaletewa. Mchanga mnene unaoshikilia ukingo tunanyang'anywa. Upande wetu ukingo umekatika hatua 11 tangu nianze kupima kwa kamba, na mnazi niliopanda mwanangu alipozaliwa uko majini.

4. Uchafu wa jiji.

Hili ni fupi kwa sababu linajulikana. Majitaka ya mji mkuu yanaingia mito yake, mito yake inaingia Athi, na Athi ndiyo sisi. Baada ya mvua za kwanza chupa za plastiki zinafika zikiwa na lebo za maduka ambayo Malindi hayapo. Zinazoonekana tunaziokota. Uchafu usioonekana tunaumwagilia mboga, na mboga hizo mnazila nyinyi mkija kwenye semina za hotelini.

5. Mdomo wa mto.

Viboko, heroe, na makundi ya ndege wanaotoka Madagaska kila mwaka hukusanyika pale mto unapoingia baharini. Vijana wetu wanapata riziki kwa kuwatembeza wageni. Mahali hapo panatambuliwa na wataalamu wa ndege duniani, lakini papo pasipo mlinzi wala kibao, na kila mwenye trekta anajisevia.

Najua mtakayotujibu, kwa sababu mengine tumeshajibiwa kwa mdomo, tukiwa tumesimama.

Mtasema ni mabadiliko ya tabianchi. Sawa. Lakini tabianchi haitoi vibali vya kuchota maji. Vinatolewa na mtu, kwa kalamu.

Mtasema bwawa likikamilika mafuriko yatapungua na tope litabaki huko. Huenda, na tutashukuru. Ila mlango wa bwawa unafunguliwa na mtu, na tunataka kumjua mtu huyo na namba yake ya simu kabla bwawa halijajaa. Pia tuambieni, katika miezi ya kulijaza, chini ya daraja kutabaki nini.

Mtasema nyinyi wenyewe mnalima mpaka ukingoni. Hapa mmetushika. Kanuni zinataka nafasi ya kati ya mita 6 na 30 kutoka ukingoni, na wako kati yetu waliopanda mpaka mahindi yanaoga. Mimi nilikuwa mmoja wao. Mwaka jana kikundi kilikubaliana kurudi nyuma, tukaacha ukanda, tukapanda mianzi na matete. Tumekosa mavuno ya ukanda huo na hatujaomba fidia. Tunaomba tu kwamba aliye na lori apimwe kwa kamba ile ile aliyopimwa aliye na jembe.

Mtasema hakuna fedha. Kati ya tunayoomba, mawili hayagharimu hata bei ya gari moja la ofisi.

Tunaomba hivi. Mosi, itangazwe hadharani, kwa Kiswahili na kwa namba, akiba ya maji ya Sabaki kwa kila mwezi, pamoja na orodha ya wote wenye vibali vya kuchota kuanzia Kilimanjaro na Ngong mpaka baharini. Katiba, kifungu cha 35, inatupa haki ya kuijua. Pili, kabla ya masika yajayo, ateuliwe mtu mmoja, mwenye cheo na simu, wa kuwaarifu machifu wa kando ya mto kuanzia Lango Baya hadi Sabaki kila maji yanapopanda bara, na ziwekwe nguzo za kupimia kina ambazo hata mtoto wa darasa la nne anaweza kuzisoma. Tatu, uchotaji wa mchanga usimamishwe chini ya daraja na karibu na visima vya Baricho mpaka upimwe. Nne, kwenye meza yoyote inapojadiliwa Tsavo, Mzima au Athi, kiti kimoja kiwe cha mtu wa mdomoni mwa mto. Tumeshamchagua. Ni yule mama wa matuta 40. Hesabu anaijua kuliko mimi.

Tumejipa siku 60 kusubiri jibu la maandishi. Zikipita, tutapeleka ombi rasmi bungeni chini ya kifungu cha 119, na saini tumeshaanza kukusanya.

Mkiamua kuja wenyewe, itakuwa bora zaidi. Mkitoka Malindi, vukeni daraja, shukeni kulia kwa njia ya mchanga mpaka kwenye mwembe wenye alama ya tope kwenye shina. Njooni siku ya bamvua, maji yakiwa yamejaa. Nitawachotea kwa kikombe, mwonje wenyewe.

Wenu katika kutumikia umma,

Katibu,
kwa niaba ya wakulima wa chini ya daraja,
Sabaki, Malindi